BARAZA LINAPOKAIDI AMRI YA MAHAKAMA: NANI HULIPA?

Amri ya mahakama huibana halmashauri kama inavyombana raia wa kawaida. Diwani hapati kinga kwa sababu tu alichaguliwa kwa kura. Asiyeridhika na amri anayo haki ya kukata rufaa, lakini kwa kawaida rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji mpaka mahakama iamuru hivyo. Kuikaidi amri wakati huo ni kuidharau mahakama, hata kama hakuna aliyemtolea Jaji neno la utovu wa adabu.

Adhabu ya ukaidi wa namna hii hukusudiwa hasa kushurutisha. Hukoma amri inapotiiwa. Lakini halmashauri haiwezi kutiwa jela, na faini yake hutoka katika mfuko wa walipa kodi.

Tatizo hilo lilidhihirika katika mji wa Yonkers, jimbo la New York, Marekani. Mwaka 1985 Jaji Leonard Sand aliamua kwamba mji huo ulikuwa umewatenga wakazi kwa rangi, kwa makusudi na kwa miaka mingi, kwa kuzirundika nyumba za umma katika sehemu moja. Aliamuru nyumba 200 zijengwe katika mitaa mingine, pamoja na mpango wa nyumba nyingine za ruzuku. Januari 1988 Baraza la Mji lenyewe liliridhia makubaliano ya utekelezaji. Hata hivyo, tarehe 1 Agosti, kwa kura nne dhidi ya tatu, lilikataa hatua ya kupitisha sheria ndogo iliyohitajika.

Jaji aliutoza mji dola 100 kwa siku ya kwanza, kiasi hicho kiongezeke maradufu kila siku. Hesabu hiyo huonekana ndogo mwanzoni, lakini siku ya nane ni dola 12,800, na siku ya kumi na nne ni dola 819,200. Mahakama ya Rufaa iliweka kikomo cha dola milioni moja kwa siku. Kila diwani aliyekataa alitozwa dola 500 kwa siku kutoka mfukoni mwake. Tarehe 9 Septemba, faini ya mji ikikaribia kikomo hicho, sheria ilipitishwa kwa kura tano dhidi ya mbili.

Mwaka 1990 Mahakama ya Juu, kwa majaji watano dhidi ya wanne, ilitengua faini za madiwani. Ilieleza kwamba mji ulipaswa kubanwa kwanza; diwani anayeogopea fedha zake hupiga kura kwa ajili ya nafsi yake, si kwa ajili ya waliomchagua. Hoja hiyo ina uzito, ingawa mkazi asiyepiga kura yoyote barazani ndiye aliyebaki na mzigo. Mahakama haikuzuia madiwani kuadhibiwa baadaye, iwapo faini ya mji ingeshindwa kuleta utii.

Familia za kwanza zilihamia katika nyumba hizo mwaka 1992. Shauri lenyewe lilimalizika mwaka 2007.