Kiti cha Miaka Kumi na Saba

Haya, sogeeni. Wewe mwenye rolex ya chapati na mayai, maliza kwanza, usiwatamanishe wenzako. Leo sungura na fisi wamelala. Leo nawasimulia habari ya mwenyekiti.

Mwenyekiti wa LC1, baraza la mtaa, mnamjua. Hapa mtaani kwetu Nateete mambo mengi hayaendi bila muhuri wake. Mama anataka barua ya kuombea kitambulisho cha taifa: kwa mwenyekiti. Kaka ameambiwa kazini alete mtu wa kumdhamini: kwa mwenyekiti. Wapangaji wamegombana juu ya bomba la maji, mmoja kamwagia mwenzake ndoo: kwa mwenyekiti. Na mtu huyu huchaguliwa na majirani, si na wakubwa wa mjini. Sasa tegeni masikio. Wenyeviti waliochaguliwa mwaka 2001 walikaa mpaka 2018. Mtoto aliyezaliwa mwaka ule wa uchaguzi alifikisha miaka 17, sauti imevunjika, ndevu zinachungulia, na muhuri bado uko mezani pa mtu yule yule.

“Jjajja, kwani walikataa kutoka?”

Hawakukataa. Wengine walikuwa wamechoka. Kilichotokea ni hiki. Zamani Uganda ilikuwa chini ya mfumo wa Movement: kila mgombea anasimama peke yake, vyama haviruhusiwi kugombea. Tarehe 28 Julai 2005 watu wakapiga kura ya maoni, vyama vingi vikarudi. Lakini uchaguzi wa vijijini na mitaani ukabaki na sheria ya mfumo wa zamani. Meja mstaafu Rubaramira Ruranga akaenda Mahakama ya Katiba, akauliza: nchi iko kwenye vyama vingi, mtaa utachaguaje kwa sheria ya mfumo uliokwisha kuzikwa? Mwaka 2007 majaji wakasema ana haki. Basi ikabidi sheria mpya itungwe na hela za uchaguzi zitafutwe. Sheria ikachelewa. Hela zikachelewa zaidi.

Naona mmekunja nyuso. Mahakama imelinda katiba, halafu majirani wakakosa kuchagua kwa miaka yote ile? Ndiyo. Demokrasia na katiba ni ndugu wanaohitajiana, ila hawaendi mwendo mmoja kila siku.

Chukueni mfano wa rolex hiyo hiyo. Mko saba, mmechangishana hela, chapati na mayai yameiva. Sita wanakubaliana kwamba wa saba asile, wapate zaidi. Wanapiga kura: sita kwa moja. Hesabu ni sahihi, hakuna aliyeiba kura. Ila mmemdhulumu mwenzenu. Katiba ni yale mliyokubaliana kabla njaa haijauma: aliyechanga atakula, hata kama ninyi ni wengi na yeye yuko peke yake.

Na katiba isiyotoka kwa watu je? Hapo geuzeni macho upande wa Mengo, ambako mtu wa Nateete huenda kwa miguu akitaka. Tarehe 15 Aprili 1966, Waziri Mkuu Milton Obote aliwaletea wabunge katiba mpya badala ya ile ya uhuru ya 1962. Walikuwa hawajaisoma. Waliambiwa nakala zao watazikuta kwenye vishubaka vyao vya barua. Hebu fikirieni: sheria kuu ya nchi unapewa kama barua ya posta, na umekwisha kuipitisha kabla hujafungua bahasha! Buganda ikaikataa. Tarehe 24 Mei askari wakiongozwa na Kanali Idi Amin wakaivamia Lubiri, jumba la Kabaka, mfalme wa Buganda, pale Mengo. Kabaka Mutesa wa Pili akaruka ukuta, akatoroka, akafia London mwaka 1969. Katiba nyingine ya 1967 ikafuta falme zote, na humo humo wabunge wakajiongezea miaka mitano bila kuwauliza waliowachagua. Baada ya uchaguzi mkuu wa 1962, uliofuata ulikuja Desemba 1980. Katikati hapo ndipo Amin alipochukua nchi kwa bunduki. Sisemi wabunge ndio waliomwita. Nasema mlango walikuwa wameshauacha wazi.

Ndiyo maana ilipofika zamu ya kuandika katiba tunayotumia leo, watu waliulizwa kwanza. Jaji Benjamin Odoki na tume yake walizunguka nchi nzima, wakakusanya maoni zaidi ya 25,000. Mwaka 1994 likachaguliwa Bunge la Katiba, likabishana zaidi ya mwaka, na katiba ikatangazwa tarehe 8 Oktoba 1995. Ibara ya 1 inasema mamlaka yote ni ya wananchi. Na kwa kuwa walikumbuka yaliyopita, walipima muda wa kiti cha rais kwa njia mbili: mihula miwili tu, na umri usiozidi miaka 75.

Kipimo cha kwanza kiliondolewa na Bunge mwaka 2005. Cha pili kikaguswa mwaka 2017. Mbunge wa Igara Magharibi, Raphael Magyezi, aliwasilisha muswada wa kuondoa kikomo cha umri. Mwezi Septemba viti vikarushwa bungeni, watu wa usalama wakaingia ukumbini na kuwaburuta nje baadhi ya wabunge. Tarehe 20 Desemba wakahesabu: 317 wanakubali, 97 wanakataa. Katiba inataka theluthi mbili, na theluthi mbili zilipatikana. Na katika muswada huo huo wabunge walichomeka kijambo kidogo chao wenyewe: muhula wao utoke miaka mitano uwe saba, kuanzia Bunge lile lile lililokuwa limekaa.

Mwanasheria Male Mabirizi, wabunge wa upinzani na wengine wakaenda mahakamani. Tarehe 26 Julai 2018, mjini Mbale, majaji watano wa Mahakama ya Katiba walisoma hukumu. Juu ya umri wa rais, wanne walisema Bunge lilikuwa na uwezo huo, mmoja, Jaji Kenneth Kakuru, akakataa. Mwaka uliofuata Mahakama ya Juu ikakubaliana na wale wanne, kwa majaji wanne dhidi ya watatu. Lakini miaka miwili ya nyongeza ilifutwa kule Mbale na majaji wote. Wapiga kura walitoa mitano. Hakuna anayejiongezea alichokopeshwa. Mimi nadhani hukumu hiyo ilikwenda nusu ya njia, lakini nusu hiyo ilikuwa ya maana: Bunge lenye kura 317 liliambiwa hapana.

Na wenyeviti wetu? Tarehe 10 Julai 2018 mitaa ilichagua hatimaye, kwa kupanga foleni. Hakuna karatasi wala sanduku: unasimama nyuma ya mgombea wako na unahesabiwa kichwa. Ibara ya 68 inataka kura ya siri, ila inaliruhusu Bunge kuondoa sharti hilo kwa chaguzi zisizo za rais wala za wabunge. Foleni ni rahisi, na wizi wake ni mgumu. Lakini ikiwa mgombea mmoja ndiye mwenye nyumba unayopanga, na kodi ya mwezi bado hujalipa, utasimama nyuma ya nani, naye anakutazama? Hili halikuandikwa popote, na kila mpangaji wa Nateete analijua.

Muhula wao wa miaka mitano uliisha Julai 2023. Hela hazikuwepo tena. Waziri wa Serikali za Mitaa akawaongezea muda, kisha akauongeza tena. Waziri huyo alikuwa Raphael Magyezi, mnakumbuka jina hilo.

Sasa mtauliza ninyi mfanye nini, maana kura ni ya miaka 18. Iko Ibara ya 4, fupi, watu wengi huiruka. Inaiagiza serikali iitafsiri katiba katika lugha za Uganda, na ifundishwe katika shule zote. Shule zote, na yenu imo. Kesho darasani nyosheni mkono, mwulizeni mwalimu kipindi chake ni siku gani.