Katuma, mto usiofika baharini

Mvua inayonyesha Misunkumilo, kata ya Manispaa ya Mpanda lilipo Bwawa la Milala, imo katika bonde la Ziwa Rukwa, na Rukwa haina mlango wa kutokea. Maji yakishaingia humo hubaki mpaka jua liyakaushe. Kaskazini-mashariki mwa mkoa huohuo wa Katavi, mawingu yaleyale hulisha Mto Ugalla, unaoingia Malagarasi, kisha Ziwa Tanganyika. Huko Mto Lukuga huyachukua maji hadi Mto Kongo, na mwisho Atlantiki.

Mto mkuu wa upande wa Rukwa ni Katuma. Unaanzia kwenye milima iliyo kati ya Mpanda na Ziwa Tanganyika, hukata misitu ya miombo, kisha hugeuka kusini-mashariki na kuingia Hifadhi ya Taifa ya Katavi, iliyoanzishwa mwaka 1974. Mbele zaidi huitwa Kavuu, na kwa jina hilo ndipo unapoingia Rukwa.

Milimani mto una haraka. Hifadhini hupoteza mwendo. Bonde la Katavi ni tawi la bonde la ufa la Rukwa, sakafu pana iliyodidimia, tambarare kiasi kwamba maji hayajui pa kukimbilia. Hutawanyika na kufanya mbuga, na katikati ya mbuga hizo yamo Ziwa Katavi na Ziwa Chada. Kuyaita maziwa ni heshima kubwa kidogo: kifuku hujaa, kiangazi kikikolea hubaki nyasi na matope. Tanganyika, iliyozaliwa na mpasuko huohuo wa ardhi, ina kina cha takriban mita 1,470.

Hata hivyo kazi ya mbuga ni kubwa. Mvua za huku huja kwa msimu mmoja, tangu Novemba hadi Aprili hivi. Udongo wa mbuga huyashika maji ya miezi hiyo na kuyaachia polepole, na ndiyo sababu wanyama wamezoea kuukuta mto ukiwa na maji kidogo hata mwezi wa Septemba. Maji yakipungua, viboko hubanana kwa mamia kwenye madimbwi machache yaliyosalia, madume wakigombana kutwa kucha. Mamba hujificha kwenye mapango ya kingo, wakisubiri mvua.

Tatizo ni kwamba madimbwi hayo yamezidi kuwa machache. Mwaka 2010 mtafiti Manase Elisa na wenzake walichapisha mapitio kuhusu uhaba wa maji katika maeneo ya hifadhi nchini, wakiuweka Katuma mbele: mto uliokuwa ukitiririka mwaka mzima ulikuwa umeanza kukauka wakati wa kiangazi, na kati ya sababu walizozitaja ni mabwawa na mifereji ya mashamba ya mpunga upande wa juu wa mto, kabla ya hifadhi. Mwamkulu na Kakese, ambako Mpanda hupata mchele wake, zimo katika bonde hilo. Jaluba moja halikaushi mto. Majaluba elfu, kila moja na tuta lake, ni habari nyingine, hasa ikiwa miombo ya milimani imefyekwa na mvua inashuka kwa kishindo badala ya kuzama ardhini.

Kule juu kuna jitihada yenye tija: vijiji 8 vya Wilaya ya Tanganyika, kikiwemo Katuma chenyewe, vinahifadhi misitu yao na kulipwa kwa biashara ya hewa ukaa.

Chini kwenye mpunga ni kugumu zaidi. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Mlimani kanuni hiyo inapimika kwa kamba. Kwenye mbuga, ukingo wa Februari na ule wa Septemba hutengana sana, na mkulima huanza kulima pale maji yalipoishia mwaka jana.