Ayo wa Wakanda, Jiwe la Ivuna

Oya, sogeeni niwasanue. Black Panther ya 2018 kila mchizi wa hapa Ivuna kaicheki, kama siyo kwenye simu basi kibanda umiza, benchi linabana, jasho linachuruzika. Sasa yule manzi kipara mwenye mkuki, Ayo, maskani wote wanaapa ni Mmarekani. Wapi! Florence Kasumba, kazaliwa Kampala 1976, kakulia Essen, Ujerumani.

Ndiyo, Kasumba. Najua mshaanza kuwaza ukoloni. Tulieni, ni jina la kwao tu. Ila kuna noma moja: kwenye The Lion King ya 2019 alimpa sauti fisi Shenzi. Yaani Kasumba kacheza Shenzi! Wazungu walipita hapo kimya, sisi kijiweni tulimwaga chai.

Msidhani katoboa kwa zali. Ana miaka 12 alicheki Starlight Express kule Bochum, onyesho la jukwaani ambalo waigizaji wanateleza na viatu vya magurudumu. Mzuka ukampanda. Akaenda kukomaa Tilburg, Uholanzi: kuigiza, kuimba, kudansi. Kisha miaka kibao jukwaani, Cats, Chicago, Mamma Mia!, mpaka akawa Aida mwenyewe. Hollywood wakamtupia kipande kidogo 2016, Captain America: Civil War. Anamziba njia Scarlett Johansson, maneno mawili matatu, kwisha. Lakini watu walimkumbuka yeye kuliko mastaa waliopigana nusu saa.

Mimi namvulia kofia zaidi kwa Tatort. Hiyo ni tamthilia ya polisi ya Wajerumani, iko hewani tangu 1970, na Jumapili usiku familia nzima zinaganda mbele ya runinga. 2019 akaingia kama mpelelezi Anaïs Schmitz wa Göttingen, sambamba na Maria Furtwängler. Hakuna mkuki, hakuna Wakanda. Dada mweusi alikuwa na faili mkononi, anahoji watuhumiwa kwa Kijerumani kilichonyooka. Hapo ndipo nilipomwelewa.

Halafu hawa Wakanda wa kwenye muvi na vibranium yao, yale madini yaliyodondoka kutoka angani! Mwana, sisi hapa Ivuna jiwe lilishuka kweli, 16 Desemba 1938, gramu kama mia saba hivi. Wanasayansi wana kundi zima la vimondo wanaliita CI, na hiyo I ni Ivuna. Wajapani waliporudisha vumbi la asteroidi Ryugu mwaka 2020, wakalipima, wakakuta linashabihiana na jiwe letu. Nalo kama Florence, jina limelipatia ughaibuni. Kipande chake kikubwa kimekaa makumbusho London.

Jamaa wa kibanda kasema Jumamosi anairudisha Black Panther, kiingilio jero. Nitawahi benchi la mbele. Wakianza tu kuusifia ule mlima wa vibranium, nampigia kelele asimamishe mkanda, tuongee kwanza.