HATI PEKEE HAITOSHI MAHAKAMANI

Askari anapoamriwa kulinda tingatinga la serikali, huenda akamkuta mtu amesimama mbele ya ukuta wake, hati ya ardhi mkononi. Hati hiyo ina uzito gani mbele ya sheria? Katika nchi jirani ya Kenya, swali hilo lilijibiwa na Mahakama ya Juu tarehe 21 Aprili, 2023.

Kesi yenyewe ilianzia Nyali, Mombasa. Mwezi Septemba, 2017, serikali ya kaunti ilibomoa ukuta wa kiwanja kilichoko ufukweni ili kufungua njia ya umma ya kwendea baharini. Kampuni ya Dina Management ilifungua mashtaka, ikiwa na hati iliyoandikishwa kwa jina lake. Mtu wa kwanza kuandikishwa, mwaka 1989, alikuwa Daniel arap Moi, Rais wa Kenya wa wakati huo. Kutoka kwake kiwanja kiliuzwa kwa kampuni nyingine, nayo ikakiuza kwa Dina. Kwa macho ya kawaida, mlolongo huo haukuwa na kasoro.

Lakini majaji walirudi kwenye chanzo. Je, ardhi hiyo ilikuwa nini kabla ya kugawiwa? Ilibainika kuwa lilikuwa eneo la wazi, lililotengwa kwa manufaa ya umma. Uthibitisho kwamba taratibu za ugawaji zilifuatwa, pamoja na ramani ya mpango iliyoidhinishwa, haukupatikana. Mahakama ikaamua kwamba asili ya hati inapopingwa, hati yenyewe haitoshi kuwa ushahidi. Na kwa kuwa ugawaji wa kwanza haukuwa halali, hata mnunuzi aliyedai kununua kwa nia njema hakuweza kulindwa.

Hata hivyo, ukuta ulibomolewa kwanza, hoja zikafuata miaka kadhaa baadaye. Kwa maoni yetu, mpangilio huo hauwezi kusifiwa.

Somo hili lawahusu pia askari wanaonunua viwanja wakiwa mbali, vituoni mwao, kwa kuonyeshwa nakala ya hati tu. Yampasa mnunuzi afike masijala ya ardhi, aulize kiwanja kiligawiwa na nani, lini, na katika ramani ya mipango miji kilitengwa kwa shughuli gani.

Nchini Uganda mambo yana sura nyingine. Katiba ya mwaka 1995 inatambua umiliki wa kimila, hivyo asiye na hati aweza kuithibitisha haki yake kwa mashahidi wanaoijua mipaka na historia ya ukoo wake pale. Aidha, mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua, katika shauri dhidi ya mamlaka ya barabara, kwamba serikali haina ruhusa ya kuitwaa ardhi ya mtu kabla ya kumlipa fidia. Mwenye shamba la kimila basi hana budi kuwakusanya wazee na majirani mapema, wakati miti ya mpakani ingali imesimama.