Kwarteti ya Nyuzi na Waundaji Wake: Vijana wa Amadeus (Sehemu ya Pili)

Katika sehemu ya kwanza ya makala haya tulibainisha kwamba kwarteti ya nyuzi ni jamii ya wapigaji wanne, wawili wenye fidla, mmoja mwenye viola na mmoja mwenye chelo, wasio na kiongozi wa kusimama mbele yao na kifimbo mkononi. Tukaeleza pia namna Joseph Haydn, kwa kutunga kwarteti zipatazo 68, alivyoupa ufundi huo umbo lake la kudumu. Msomaji wa pwani, aliyezoea kuisikia fidla katika taarabu, ambamo wapigaji wengi huandamana katika lahani moja na kila mtu akaipamba kwa namna yake, hana budi kukumbuka ya kuwa katika kwarteti kila mmoja ameandikiwa njia yake peke yake, wala hakuna mwenzi wa kumfunika akiteleza. Leo muradi wetu ni kueleza jinsi jamii ya namna hiyo inavyozaliwa na kulelewa, na mfano tuliouchagua ni kwarteti ya Amadeus, iliyojitokeza Uingereza baada ya Vita Kuu ya Pili.

Watatu katika wanne hao, yaani Norbert Brainin, Siegmund Nissel na Hans Schidlof, ambaye baadaye alijulikana kwa jina la Peter, walikuwa vijana wa Kiyahudi waliotoka Austria. Majeshi ya Hitler yalipoitwaa nchi hiyo mwezi wa Machi 1938, na Wayahudi wakaanza kunyang'anywa kazi, mali na heshima zao, vijana hawa walikimbilia Uingereza, kila mmoja kwa njia yake, wala hawakuwa wakijuana. Lakini masaibu hayakwishia hapo. Kwani mwaka 1940, majeshi ya Ujerumani yalipofika pwani ya Ufaransa na hofu ya wapelelezi ikaenea, serikali ya Uingereza iliwakamata wageni waliotoka nchi za adui na kuwatia kambini, bila kupambanua sawasawa baina ya mfuasi wa Hitler na yule aliyemkimbia Hitler. Hivyo ndivyo Brainin na Schidlof walivyokutana kambini. Kisha Schidlof akahamishiwa kisiwa cha Isle of Man, na huko akakutana na Nissel.

Katika kambi zile walizuiliwa pia maprofesa, wachoraji na wanamuziki wengi, na watu hao, badala ya kuziacha siku zipite bure, walifundishana na kupigiana muziki kwa vyombo walivyoweza kuvipata. Nje ya kambi walikuwapo Waingereza walioona kwamba jambo hilo halikuwa la insafu. Mmoja wao alikuwa mtunzi Ralph Vaughan Williams, aliyeiongoza kamati ya kuwatetea wanamuziki waliozuiliwa hata wakafunguliwa mmoja baada ya mwingine.

Baada ya kufunguliwa, vijana hao watatu walikuwa maskini, na wakati wa vita Brainin alifanya kazi kiwandani. Ila walijaliwa kumpata mwalimu, naye ni Max Rostal, bingwa wa fidla aliyeihama Berlin mwaka 1934 na kufanya makao yake London. Rostal aliwafundisha wote watatu bila kuwatoza ujira. Neno hili halifai kupitwa kwa haraka. Mafundisho ya fidla ni ya miaka mingi na gharama zake ni kubwa, na mkimbizi asiye na jamaa wala akiba hangeweza kuyalipia. Kwa hiyo twaweza kusema kwa yakini kwamba, lau si hisani ya mwalimu huyu, kwarteti tunayoizungumza isingalikuwako. Mwaka 1946 Brainin alishinda tuzo ya Carl Flesch, iliyopewa jina la mwalimu wa Rostal mwenyewe, na njia ya kuwa mpigaji wa pekee, mwenye jina lake kwenye matangazo, ikamfungukia.

Hapa ndipo ulipotokea uamuzi ulioifanya kwarteti iwezekane. Wote watatu walikuwa wapigaji wa fidla, na kwarteti haihitaji fidla tatu. Schidlof, ambaye kwa ustadi hakuwa nyuma ya wenzake, alikubali kuiweka fidla yake kando na kushika viola, chombo kikubwa kidogo kuliko fidla, chenye sauti nzito ya katikati, na ambacho siku zile wapigaji wengi walikidharau, wakidhani kuwa ni kimbilio la walioshindwa na fidla. Brainin naye, mwenye tuzo mkononi, aliiacha njia ya umaarufu wa mtu mmoja akachagua kazi ya watu wanne. Aliyekosekana ni mpigaji wa chelo, naye akapatikana katika Martin Lovett, kijana Mwingereza mzaliwa wa London, aliyejulishwa kwao na Suzanne Rozsa, mwanafunzi mwenzao kwa Rostal, ambaye baadaye alikuja kuwa mkewe Lovett.

Asiyeifahamu kazi hii huenda akadhani kwamba wapigaji wanne hodari wakishakutana kwarteti imekwisha kuundwa, kumbe kazi ndiyo kwanza inaanza. Sharti wakubaliane juu ya usafi wa kila sauti, kwa kuwa fidla haina vituo vya kuonyesha pa kuweka kidole, na sauti iliyo sahihi ikipigwa peke yake yaweza kuwa na kasoro ikikutana na tatu nyingine; sharti wakubaliane upinde uvutwe upande gani, kwa uzito gani na kwa urefu gani; na sharti kila mmoja ajue ni wakati gani lahani iko kwake na ni wakati gani imehamia kwa mwenziwe, ili ajinyamazishe kwa hiari kabla hajaambiwa. Mambo haya hayaamuliwi kwa kura, kwa maana wawili wakisimama upande huu na wawili upande ule hakuna wa kuwaamua; huamuliwa kwa kupiga, kubishana na kurudia, siku baada ya siku, hata hoja ya mmoja ikawa masikioni mwa wote.

Mara ya kwanza walijitokeza mbele ya watu mwezi wa Julai 1947, huko Dartington katika jimbo la Devon, wakijiita kwarteti ya Brainin. Aliyewaalika ni Imogen Holst, binti wa mtunzi Gustav Holst, aliyesimamia mafundisho ya muziki mahali hapo. Bibi huyo hakutosheka na kuwasifu kwa ulimi, bali alitoa pauni 100 ili wakodi ukumbi wa Wigmore Hall mjini London, wakapate kusikiwa na wajuzi. Nao wakaacha kulitumia jina la mmoja wao, wakachagua jina la pili la Mozart, Amadeus, ambalo halikumtukuza yeyote katika wanne.

Ukumbi huo, wenye viti vipatavyo 550, ulijengwa na kampuni ya Bechstein, watengenezaji wa piano wa Ujerumani, na kufunguliwa mwaka 1901. Ukatwaliwa katika vita vya kwanza kwa kuwa ni mali ya adui, kisha ukafunguliwa tena kwa jina jipya mwaka 1917. Ndani yake, tarehe 10 Januari 1948, walisimama vijana ambao watatu kati yao walikuwa wamezuiliwa kwa sababu ile ile, mkubwa wao akiwa na miaka 26 na mdogo miaka 20. Ukumbi ulijaa, na tangu usiku ule mialiko haikukatika.

Wanne hao walidumu pamoja miaka 40 bila kubadilishwa hata mmoja, na Schidlof alipofariki mwaka 1987, wenzake hawakutafuta wa kushika mahali pake, wakaifunga kwarteti. Udumifu wa namna hiyo haukuletwa na usiku mmoja wa shangwe. Uliwekewa msingi pale mmoja alipoacha chombo chake, mwingine umaarufu wake, na wote jina lao. Ukapaliliwa na mwalimu asiyetaka malipo na bibi aliyetoa fedha kabla hajaona faida. Vijana wetu wanaounda vikundi vya muziki na wayapime hayo, na wenye uwezo miongoni mwetu nao wajiulize ni nani wanayemfundisha bila ujira na ni nani waliyemkodia ukumbi. Kwani kipaji huzaliwa popote, lakini hakikui pasipo mtu wa kukilea.

Katika sehemu ya tatu, inshallah, tutazieleza zile kwarteti sita ambazo Mozart alimtunukia Haydn mwaka 1785, na namna ya kuzisikiliza.