Mtandike Punda Bila Kumwumiza

Punda akipata kidonda mgongoni, nani atabeba maji? Ni mama, au ni mtoto ambaye angekuwa shuleni. Wengi wetu humfunga punda mitungi kwa kamba ya nailoni bila tandiko, halafu tunashangaa akikataa kutembea. Huo si ukaidi. Anaumwa.

Uti wa mgongo ni mfupa uliofunikwa na ngozi tu. Mzigo ukae kwenye nyama za pande zote mbili, wala usiguse uti.

Tandiko unaweza kulitengeneza nyumbani. Shona mito miwili mirefu ya gunia la katani, uishindilie nyasi kavu zisizo na miiba. Iunganishe kwa vitambaa vipana, ukiacha nafasi ya ngumi moja katikati.

Sasa fuata hatua hizi:

1. Mfunge punda kivulini. Pangusa vumbi na matope, kisha pitisha mkono mgongoni. Akishtuka au ukihisi uvimbe, leo apumzike.

2. Weka tandiko mbele kidogo, karibu na mabega, kisha livute nyuma ili manyoya yalale vizuri.

3. Funga mkanda mpana wa tumbo, nyuma kidogo ya miguu ya mbele. Vidole viwili vipite chini yake. Ukilegea, tandiko litateleza. Ukikaza mno, utamkata ngozi.

4. Pakieni watu wawili, kila mmoja upande wake, kwa wakati mmoja. Uzito ulingane.

5. Simama nyuma yake, lakini mbali na teke, uchungulie. Je, unaona mwanga kati ya ile mito miwili? Basi ni sawa. Kama huoni, tandiko limekandamiza uti. Shusha, uongeze nyasi.

6. Tembea naye hatua chache, kisha angalia mkanda tena.

Na uzito? Punda wa kilo 150 asibebe zaidi ya kilo 50. Mitungi miwili ya lita 20 ni kilo 40. Hiyo yatosha. Minne ni kilo 80, nayo ni kumwumiza.

Kidonda kikitokea, usipake oili chafu ya gari. Osha kwa maji yaliyochemshwa yakapoa, nusu lita kwa kijiko kimoja cha chai cha chumvi. Usimtandike mpaka apone kabisa. Kikiwa kirefu, mwite daktari wa mifugo upesi, maana pepopunda humpata punda pia.

Jioni ukimvua tandiko, lianike juani. Kesho ni safari nyingine.