Filamu Ikifungiwa, Hasara ni ya Mtayarishaji

Oktoba 2014 polisi wa Kenya walimkamata mtu mmoja kwa sababu ya filamu "Stories of Our Lives". Hakuwa mwongozaji wala mwigizaji. Alikuwa George Gachara, mtayarishaji mkuu, na kosa lilikuwa kupiga filamu bila leseni. Hadithi hizo tano fupi za Wakenya wapenzi wa jinsia moja zilipigwa kwa kamera moja na taa mbili.

Hivyo ndivyo kazi ya mtayarishaji ilivyo. Mtayarishaji huru anatafuta fedha, analipa mafundi na waigizaji, anaomba leseni kabla kamera haijawashwa, halafu filamu ikishakamilika anakwenda Bodi ya Kuainisha Filamu, KFCB, ipangiwe umri wa watazamaji. Bodi ikigoma, soko la nyumbani limefungwa, na pesa zilikwishatumika zote.

"Rafiki", filamu ya mwongozaji Wanuri Kahiu kuhusu wasichana wawili wanaopendana, ilipata leseni ya kupigwa. Mtayarishaji wake, Steven Markovitz wa Cape Town, aliunganisha fedha za nchi kadhaa, zikiwemo Ujerumani, Ufaransa na Uholanzi. Kwa mujibu wa Kahiu, bodi ilitaka mwisho ubadilishwe kwa kuwa ulikuwa na matumaini mno. Alikataa. Aprili 2018 filamu ikafungiwa, na mwezi uliofuata ikaonyeshwa kwenye tamasha la Cannes, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa huko.

Septemba, Mahakama Kuu ilisimamisha marufuku kwa siku saba. Nairobi watu walipanga foleni, tiketi zikaisha, na wiki hiyo moja ikaingiza zaidi ya shilingi milioni 3. Kwangu mimi hakuna utafiti wa soko unaoshinda siku hizo saba. Wateja wapo, na wana pesa mkononi. Benki gani, hata hivyo, itakopesha biashara ambayo duka lake linaweza kufungwa bidhaa zikiwa tayari rafuni? Ndiyo maana mtaji wa filamu hizi hutoka ng'ambo, na anayetoa mtaji ana sauti katika hadithi zipi zisimuliwe. Hilo linaniuma kuliko marufuku yenyewe.

Mtayarishaji Toni Kamau amelipitia soko la nyumbani pande zote mbili. "Softie" (2020), kuhusu mwanaharakati Boniface Mwangi na mbio zake za ubunge Starehe, ilitoka tamasha la Sundance ikaingia kumbi za Kenya. Mwaka uliofuata "I Am Samuel", iliyofuatilia maisha ya shoga mmoja kwa miaka mitano, ikafungiwa. Mwaka 2024 alirudi Sundance na "The Battle for Laikipia", inayohusu wafugaji na wenye mashamba makubwa wanaogombania malisho.

Na kuhusu mikopo, Gachara yule aliyekamatwa aliongoza HEVA, mfuko wa Nairobi unaokopesha biashara za ubunifu Afrika Mashariki, mavazi na muziki zikiwemo.